REKODA YA TAWI SI TAKATAKA

Ndugu wafanyakazi wa viwandani na mashambani,

Katika ofisi nyingi za matawi yetu, juu ya kabati au chini ya meza, iko rekoda ya kaseti ambayo haijasikika kwa miaka mingi. Ni ile ya bapa, yenye mpini wa kubebea na vitufe vilivyopangwa mbele kama meno. Mwenyekiti mpya akichaguliwa huuliza, "Na hii ya nini?" Katibu humjibu kwamba imekufa. Basi hurudishwa juu ya kabati, au hupewa watoto waichezee. Sisi tunasema hilo ni kosa. Tunasema hivyo kwa sababu kosa hilo tumelifanya sisi wenyewe, na walioumia ni wanachama wetu.

Maoni yetu ni haya. Kila tawi lenye rekoda na kaseti za zamani liitengeneze mashine yake, liwe na watu wawili wanaojua kuitunza, na linakili kaseti zake kabla hazijaharibika. Si kazi ya fundi peke yake. Ni kazi ya chama, kama ilivyo kazi ya chama kutunza daftari la michango.

KILICHOTUPATA

Tawi letu ni la wachuma chai. Shamba tunalofanyia kazi limepita katika mikono ya wenye mali zaidi ya mmoja. Wakati lilipokuwa linauzwa, kabla wengi wetu hatujaanza kazi, meneja wa siku zile aliwakusanya wafanyakazi mbele ya banda la kupimia majani. Aliwaambia kwamba miaka yao ya kazi haitapotea. Mwenye mali mpya ataichukua kama ilivyo, na kiinua mgongo kitahesabiwa tangu siku ya kwanza ya kuajiriwa. Katibu wa tawi wa wakati ule hakuwa mwepesi wa kuandika, lakini alikuwa na rekoda ya chama. Aliiweka juu ya gunia la mbolea mbele ya watu wote, akarekodi. Upande wa kwanza wa kaseti uliingia maneno ya meneja. Upande wa pili ilisomwa orodha ya vibarua wa msimu waliokubaliwa kuhesabiwa kama wafanyakazi wa kudumu, jina kwa jina.

Miaka ikapita. Wale wazee walipoanza kustaafu, uongozi wa shamba ukasema kwamba hesabu inaanzia siku mwenye mali mpya alipoingia. Tulipobisha tukaulizwa, "Mna karatasi gani?" Daftari letu la mihtasari lilikuwa limeliwa na mchwa. Tukakaa kimya. Ndipo mama mmoja, mchumaji wa siku nyingi, akasema katika mkutano wa tawi, "Si maneno yale yamo ndani ya kaseti? Mimi nilikuwapo, niliiona rekoda kwa macho yangu."

Kaseti tuliikuta ndani ya kopo la biskuti. Rekoda tuliikuta pia, lakini betri zilikuwa zimevujia ndani mpaka springi zake zimeota unga, na mkanda wa mpira unaozungusha mashine ulikuwa umeyeyuka ukawa kama lami. Mmoja wetu akataka kuitia kaseti hivyo hivyo, tubahatishe. Mzee fundi wa pale senta akamshika mkono. "Kijana," akasema, "mashine chafu inatafuna. Ukiitia hiyo leo, kesho huna rekoda na huna kaseti."

Tuliomba shauri lisogezwe mbele. Mkanda mpya ulitoka Kampala, tukaungoja siku tisa. Siku ya tisa mashine ilizunguka, na upande wa kwanza ukasikika vizuri, hata mvua iliyokuwa ikipiga bati la banda. Uongozi ulisema kwamba sauti si mkataba. Ni kweli, sauti si mkataba. Lakini katika maneno yake meneja yule alitaja barua, na akataja tarehe yake. Afisa wa kazi wa wilaya akaagiza barua ya tarehe hiyo itafutwe katika mafaili ya shamba, ikapatikana. Wafanyakazi wa kudumu wakahesabiwa miaka yao yote.

Tukageuza kaseti tusikie orodha ya vibarua. Tukasikia kwaya ya Krismasi.

Mtu mmoja wa tawi letu aliiazima rekoda wakati wa sikukuu, akachukua kaseti ya kwanza aliyoikuta, akarekodi nyimbo za kanisani kwake. Hakuwa na nia mbaya. Hakuna aliyemwambia kaseti ile ni ya nini, maana haikuwa na maandishi, na hakuna aliyeifunga isirekodiwe tena. Wale vibarua, wengi wao wanawake, hawakupata kitu kwa miaka ile. Mmoja tunakutana naye sokoni anauza ndizi. Hutusalimu vizuri tu. Upande ule haukufutwa na mwajiri. Tuliufuta sisi.

WENZETU WALIVYOITUMIA

Wengine watasema kwamba kaseti ni kitu cha muziki na mahubiri. Tuwakumbushe Polandi mwaka 1980. Tarehe 7 Agosti mwaka huo, katika kiwanda cha kuunda meli cha mji wa Gdańsk, alifukuzwa mama mmoja mwendesha winchi, Anna Walentynowicz, akiwa amebakiza miezi mitano tu astaafu. Tarehe 14 Agosti wenzake waligoma, na sharti lao mojawapo lilikuwa arudishwe kazini. Mgomo ukaenea katika viwanda vingine, na vingi vikatuma wajumbe Gdańsk. Mazungumzo na naibu waziri mkuu, Mieczysław Jagielski, hayakufanywa kwa siri. Yalitangazwa kwa vipaza sauti mpaka uwanjani. Wajumbe walikuwa na rekoda za kaseti. Walirekodi yaliyosemwa, wakarudi nayo viwandani mwao, wenzao wakayasikia kwa masikio yao wenyewe. Tarehe 31 Agosti mapatano yalitiwa sahihi juu ya madai 21.

Ndugu, tulitazame jambo hilo vizuri. Mjumbe anayerudi na maneno matupu anaweza kusahau, anaweza kuongeza, na anaweza kununuliwa. Mjumbe anayerudi na kaseti hawezi kuwageuzia wenzake maneno. Kwetu sisi jambo hilo ni kubwa zaidi, maana wanachama wengi mashambani hawakupata shule, na mihtasari mingi huandikwa Kiingereza. Asiyejua kusoma ana masikio, na chama ni chake pia.

MASHINE HII INAFANYAJE KAZI

Kaseti hii ilitolewa na Philips ya Uholanzi mwaka 1963, ikaonyeshwa kwanza Berlin. Ndani yake mna utepe wa plastiki wenye upana wa milimita 3.81, uliopakwa unga wa chuma unaoshika sumaku. Ukipita kwa mwendo wake sahihi, utepe huenda sentimita 4.76 kwa kila sekunde. Kaseti ya dakika 60, yaani dakika 30 kila upande, ina utepe wa karibu mita 86.

Fungua mlango wa kaseti utaona vitu vitatu. Cha kwanza ni kichwa, ambacho mafundi hukiita hedi, kipande cha chuma king'aacho. Hiki ndicho kinachoandika sauti juu ya utepe kwa sumaku, na ndicho kinachoisoma. Cha pili ni pini nyembamba ya chuma inayozunguka. Cha tatu ni gurudumu dogo la mpira mweusi linaloubana utepe juu ya pini hiyo. Pini na gurudumu ndivyo vinavyouvuta utepe kwa mwendo ulio sawa. Nyuma ya hivyo, ndani kabisa, mna mota, gurudumu zito la chuma, na mkanda wa mpira unaoviunganisha. Mafundi huuita beliti, nasi tutauita hivyo.

Mfanyakazi wa kiwandani ataielewa mara moja. Ni mota, beliti na magurudumu, kama mashine anazoziendesha kila siku. Basi tusiiogope.

KUITENGENEZA

Kabla ya yote, toa betri, chomoa waya wa umeme. Usifungue mashine iliyo kwenye umeme hata kama unajiona hodari. Tandika kitambaa cheupe mezani ili skrubu ikianguka uione. Skrubu zilizo ndefu na zilizo fupi ziweke mbali mbali, na uchore kwenye karatasi kila moja imetoka wapi.

Betri zilizovuja. Hili ndilo gonjwa la kwanza la rekoda zetu. Unga mweupe wa betri za alkalini ufute kwa pamba yenye siki au maji ya limau kidogo. Kisha pangusa kwa kitambaa chenye unyevu wa maji safi, ukaushe vizuri. Betri za kawaida zikivuja, kitambaa chenye unyevu kinatosha. Halafu sugua bati na springi kwa msasa laini mpaka zing'ae. Ikiwa waya umelika, lazima ulehemiwe upya. Mashine nyingi zinazoitwa zimekufa zina ugonjwa huu tu.

Mota inanguruma lakini kaseti haizunguki. Hapo beliti imelegea, imekatika au imeyeyuka. Iliyoyeyuka itoe kwa njiti ya kiberiti, kisha futa lami yake yote kwa pamba na spiriti. Futa kwenye mota, futa kwenye gurudumu zito, usiache hata doa, kwa sababu doa moja litaifanya beliti mpya iteleze. Ikiwa beliti ya zamani haipo hata upate kipimo, pitisha uzi katika njia yake yote, ukate, uupime. Beliti mpya iwe fupi kidogo kuliko uzi huo: kwa kila sentimita 10 punguza nusu sentimita, au isizidi sentimita moja. Ikilegea itateleza, na ikikaza mno itaichosha mota. Wako wanaokata mpira wa baiskeli au kutumia raba ya kufungia noti. Hizo ni za kujaribia tu. Unene wake haulingani, na sauti itapanda na kushuka kama ya mlevi.

Sauti ni nzito, haisikiki vizuri. Kwanza safisha hedi. Chukua pamba iliyozungushwa kwenye njiti, ichovye spiriti kidogo, futa hedi na ile pini ya chuma mpaka pamba itoke nyeupe. Kile cha kahawia kinachotoka ni unga wa tepe za zamani. Usikwangue kwa wembe wala bisibisi, maana mkwaruzo kwenye hedi hautoki. Bisibisi yenye sumaku usiisogeze karibu kabisa. Gurudumu la mpira lifute kwa kitambaa chenye maji na sabuni kidogo, kwa kuwa spiriti ikizidi hukausha mpira ukapasuka. Ukimaliza, acha vyote vikauke kabla ya kutia kaseti.

Ikiwa umesafisha na sauti bado nzito, tazama pembeni ya hedi. Iko skrubu ndogo, mara nyingi ina springi chini yake, ambayo huiinamisha na kuiinua hedi. Kaseti iliyorekodiwa kwenye mashine nyingine huenda ikataka hedi ikae tofauti kidogo. Weka alama ya wino mahali skrubu ilipo, kisha igeuze kidogo sana huku kaseti inalia, mpaka herufi kama "s" zisikike kali. Ukimaliza kaseti hiyo irudishe kwenye alama. Asiye na sikio zuri asiiguse.

Mashine inatafuna utepe. Mara nyingi gurudumu la mpira ni chafu, au ile ekseli inayokusanya utepe upande wa kulia haina nguvu ya kuzunguka. Utepe unaendelea kuja na hakuna wa kuupokea. Safisha, angalia beliti, ujaribu tena. Utepe ukitafunwa usivute kwa hasira. Zima, fungua mlango, uutoe kwa vidole taratibu, kisha uurudishe ndani kwa kuzungusha kalamu ya wino au penseli kwenye tundu.

Inakwaruza unapogeuza kitufe cha sauti, au inarekodi mara inakataa. Ni vumbi na kutu katika swichi. Mara nyingine kuzungusha kitufe hicho mara ishirini au thelathini, na kubonyeza na kuachia kitufe cha kurekodi (bila kaseti yenye kitu ndani!), hurudisha uhai. Ikishindikana, fundi atapuliza dawa ya kusafishia swichi.

Mwendo si sahihi. Mzee akisikika kama mtoto, mashine inakimbia. Akisikika kama anasinzia, inachelewa. Kwanza badilisha betri, kisha angalia uchafu na beliti. Mwisho ndipo uguse mota. Mota nyingi zina kitundu nyuma, na ndani yake skrubu ndogo ya kurekebisha mwendo. Pima kwa saa: upande mmoja wa kaseti ya dakika 60 uende dakika 30 au uzidi kidogo tu.

Mafuta ni tone moja la mafuta ya cherehani, kwenye shina la ile pini ya chuma, si zaidi. Yasifike kwenye beliti wala gurudumu la mpira. Mafuta ya kupikia yasitumike kabisa, kwani huganda.

Tena tahadhari moja. Usichomeke kigeuza umeme cha mashine nyingine kwa sababu tu kinaingia tundu. Volti lazima zilingane, na upande wa chanya na wa hasi lazima uwe ule ule ulioandikwa kwenye mashine. Rekoda nyingi zimeunguzwa hivyo na mtu aliyetaka kuokoa pesa ya betri.

Na kanuni ya yule mzee fundi isisahauliwe: jaribu kwanza kwa kaseti isiyo na thamani, tena dakika zote za pande zote mbili. Ikipita salama ndipo utie ile yenye maneno ya chama.

Kama mashine haitoi sauti hata baada ya haya, huenda vikopo vidogo vya umeme ndani, yaani kapasita, vimekauka kwa uzee. Hiyo ni kazi ya kulehemu, mpelekeeni fundi. Lakini mtakwenda kwake mkijua kilichokwisha fanyika, naye hatawauzia msichohitaji.

KUTUNZA KASETI

Mgongoni mwa kila kaseti kuna vijino viwili vya plastiki. Shika kaseti upande unaotaka kuulinda ukikutazama, utepe ukiwa chini. Kijino cha juu kushoto ndicho cha upande huo. Kivunje, na rekoda itakataa kurekodi juu yake. Kingevunjwa kijino kimoja siku ile mbele ya banda la majani, wale kina mama wangekuwa na ushahidi wao. Kazi ile ni ya sekunde mbili na haihitaji pesa.

Andika juu ya kaseti: tarehe, mahali, wanaosema ni nani, jambo gani. Iweke imesimama ndani ya kasha lake, mbali na spika, mota na kitu chochote chenye sumaku, mbali na jua na moshi wa jikoni. Katika nchi zetu za mvua adui mkubwa ni ukungu. Ukiona unga mweupe kwenye kingo za utepe, usiitie mashineni, utachafua hedi na kuambukiza kaseti nyingine. Mwonyeshe fundi kwanza. Na rekoda isiyotumika isilale na betri ndani hata wiki mbili.

WANAOSEMA SIMU INATOSHA

Vijana wetu wanatuambia, "Siku hizi kila mtu ana simu inayorekodi. Mnahangaika na nini?" Hatuwapingi kwa kila jambo. Mkutano wa leo urekodiwe kwa simu, ni rahisi na sauti ni safi. Lakini tuna majibu mawili.

La kwanza, simu haiwezi kusoma kaseti. Maneno ya wazee waliotutangulia, ahadi walizopewa, michango waliyotoa, na wengine wao wamekwisha fariki, yamo ndani ya utepe ule. Njia ya kuyatoa ni mashine nzima. Kila mwaka unaopita utepe unazeeka, na mafundi wanaoijua mashine hii wanapungua.

La pili, simu ni ya mtu, rekoda ni ya tawi. Mjumbe akihama, akifukuzwa, akiuza simu yake au akiiangusha mtoni, mkutano wetu umekwenda naye. Tumeliona hilo pia. Kwa hiyo sauti ya simu nayo itolewe siku hiyo hiyo, inakiliwe mahali pa chama.

Basi vitu hivi viwili visigombane. Rekoda ikishapona, chukua waya kutoka tundu la spika ya sikio, uingize kwenye kompyuta, unakili kaseti nzima. Pasipo na kompyuta, weka simu karibu na spika ndani ya chumba kimya, funga mlango, wacha iende mpaka mwisho. Haitakuwa safi sana lakini itasikika. Nakala ziwe tatu mahali patatu: tawini, makao ya chama, na kwa mjumbe aliyechaguliwa. Kaseti yenyewe isitupwe.

TUNAPENDEKEZA

Kwanza, kila tawi lihesabu rekoda na kaseti zake kabla ya mkutano mkuu wake ujao, na hesabu hiyo iandikwe katika daftari la mali.

Pili, wachaguliwe watu wawili wa kujifunza kazi hii, mwanamke na mwanamume, na mmoja wao awe kijana. Mama yule aliyekumbuka kaseti yetu hakuwa kwenye kamati yoyote.

Tatu, kamati za fedha zitenge kiasi kidogo cha beliti, spiriti na pamba. Makao ya chama yakinunua beliti za saizi mbalimbali kwa pamoja, tawi la mbali halitangoja siku tisa.

Nne, rekoda ya chama isiazimwe kwa harusi, kwaya wala matanga. Tunajua hili litawaudhi watu, na kwetu limewaudhi. Lakini daftari la michango hatuliazimi mtu akaandikie barua zake.

Tano, tunaporekodi mazungumzo na mwajiri tumwambie wazi kwamba tunarekodi. Chama hakijifichi. Na mazungumzo yakiisha, mapatano yaandikwe na kutiwa sahihi. Kaseti haichukui mahali pa karatasi. Inasaidia karatasi itafutwe inapopotea.

Rekoda ile ya tawi letu sasa inazunguka. Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi, baada ya malipo, wale wawili tuliowachagua huketi mbele ya ofisi na pamba na spiriti yao, na matawi ya jirani huleta mashine zao. Tumekwisha nakili kaseti zote za kopo la biskuti isipokuwa mbili zenye ukungu, ambazo fundi bado anazishughulikia. Tunazisikiliza zote mpaka mwisho, pande zote mbili, kwa sababu huenda katibu wetu yule alisoma orodha ile ya vibarua mara nyingine, katika mkutano mwingine. Mpaka leo hatujaipata. Tawi lolote lenye kaseti za mikutano ya mashamba ya chai ya miaka ile, tunaomba lisikilize za kwake.

Umoja ni nguvu.